Mpango kwanza, rasimu huru au sentensi kwa sentensi: ulinganisho wa njia tatu za kuandika

Mtu anayetaka kuandika vizuri zaidi hupewa ushauri unaopingana. Mmoja humwambia asianze kabla ya kupanga hoja zake. Mwingine humwambia aandike tu, mawazo yatajipanga baadaye. Na wa tatu, ambaye mara nyingi ni mwandishi wa miaka mingi, husema kwamba yeye hasogei kwenda sentensi ya pili mpaka ya kwanza imemridhisha. Wote watatu wanasema kweli kuhusu kazi zao wenyewe, na ndiyo maana anayewasikiliza hubaki njia panda.

Makala haya yanazilinganisha njia hizo tatu kwa vigezo vilevile ili msomaji aweze kuchagua kulingana na kazi iliyo mbele yake. Msimamo wangu niuseme mapema. Kazi ngumu ya kuandika, yaani kujua unachotaka kusema na kukipa umbo ambalo mtu mwingine ataweza kulifuata, haikwepeki kwa njia yoyote. Njia hizi zinatofautiana katika wakati wa kuifanya: mwenye mpango huifanya mwanzoni, mwenye rasimu huru huifanya mwishoni, na anayekwenda sentensi kwa sentensi huigawa katika kila mstari.

Ni vyema pia kuondoa dhana moja inayowachanganya wengi, kwamba uandishi una hatua zinazofuatana bila kurudi nyuma: kupanga, kisha kuandika, kisha kusahihisha. Mwaka 1981 watafiti wawili wa Marekani, Linda Flower na John Hayes, walichapisha maelezo ya mchakato wa kuandika waliyoyapata kwa kuwataka waandishi waseme kwa sauti kila kilichowapitia akilini walipokuwa wakiandika. Walichokisikia ni kwamba kupanga, kuyageuza mawazo kuwa maneno na kupitia upya huingiliana muda wote, kiasi kwamba mtu anaweza kubadili lengo la andiko zima akiwa katikati ya sentensi. Kwa hiyo hakuna njia kati ya hizi tatu inayofuta shughuli mojawapo. Kila moja huamua tu ni ipi itangulie na ipi isubiri.

Vigezo vya kulinganisha

Nitaitazama kila njia kwa mambo matano: kinachohitajika kabla ya kuanza, mahali kazi nzito inapoangukia, namna njia hiyo inavyoharibika ikitumiwa vibaya, stadi inayojengeka kwa anayeizoea, na aina ya mtu au kazi inayoifaa. Ili ulinganisho usielee hewani, nitatumia mada moja kwa njia zote, insha fupi inayojibu swali hili: je, watoto wa madarasa ya chini wapewe kazi za kufanyia nyumbani?

Njia ya kwanza: kuanza na mpango

*Kinachohitajika kabla ya kuanza.* Mpango unahitaji maudhui. Asiyejua lolote kuhusu jambo hawezi kulipanga, na akijilazimisha ataishia kuandika vichwa ambavyo vingeweza kukaa juu ya insha yoyote: Faida, Hasara, Hitimisho. Mpango wa namna hiyo unaonekana nadhifu, lakini ndani yake hamna hoja. Mpango unaosaidia huandikwa kwa sentensi kamili zinazodai jambo. Katika mada yetu, mpango dhaifu ungekuwa na mstari usemao "Nafasi ya wazazi". Mpango wenye nguvu ungekuwa hivi:

Dai kuu: Watoto wa madarasa ya chini wapewe kusoma kwa sauti nyumbani, na mazoezi ya kuandika yabaki darasani.
1. Mtoto wa miaka 7 mara nyingi hawezi kumaliza zoezi la kuandika peke yake, kwa hiyo mzazi hulimaliza kwa niaba yake.
2. Zoezi lililomalizwa na mzazi halimwonyeshi mwalimu mahali mtoto alipokwama.
3. Kusoma kwa sauti hakuna kasoro hiyo, kwa kuwa mzazi husikiliza tu.
4. Pingamizi: kazi za kuandika hujenga nidhamu. Jibu: nidhamu ya nani, ikiwa anayekesha mezani ni mzazi?

Kila mstari hapo unaweza kukubaliwa au kupingwa, na mstari wa tatu hauwezi kuutangulia wa pili bila hoja kuyumba. Hicho ndicho kipimo cha mpango: ukiweza kubadilisha mistari nafasi bila chochote kuharibika, bado hujapanga, umeorodhesha.

*Mahali kazi nzito inapoangukia.* Kazi huangukia mwanzoni, tena kwa namna inayokatisha tamaa, kwa sababu mistari hiyo michache inaweza kuchukua muda mrefu kuliko aya mbili za insha na bado ukurasa ukaonekana mtupu. Malipo yake huja baadaye. Mwandishi aliyekwisha kupanga hana haja ya kushika mambo mawili akilini kwa wakati mmoja, kitakachofuata na namna ya kukisema. Mwaka 1988 mwanasaikolojia wa Marekani Ronald Kellogg aliripoti majaribio aliyoyafanya na wanafunzi wa chuo waliopewa kazi ya kuandika barua, na walioandaa muhtasari kabla ya kuandika walitoa barua bora kuliko wasioandaa. Jambo la kuzingatia ni kwamba muhtasari wa kichwani tu, usioandikwa popote, nao ulisaidia. Hata hivyo barua ni andiko fupi lenye kusudi linalojulikana tangu mwanzo, kwa hiyo si haki kuyachukua matokeo hayo na kuyabandika juu ya riwaya au kumbukumbu za maisha.

*Inavyoharibika.* Mpango huharibika kwa njia mbili. Kwanza, unaweza kugeuka maficho: mtu anaongeza vipengele, anavigawa katika vipengele vidogo, anavipaka rangi, na muda wa kuandika unakwisha. Pili, unaweza kugeuka sheria. Mike Rose, aliyewachunguza wanafunzi kumi wa chuo kikuu huko California na kuchapisha matokeo yake mwaka 1980, aliona kwamba waliokuwa wakikwama mara kwa mara na waliokuwa wakiandika bila taabu wote walikuwa na kanuni na mipango. Tofauti ni kwamba waliokwama hawakuwa tayari kuiacha mipango hiyo hata pale ilipokataa kufanya kazi. Mpango wa insha yetu, kwa mfano, unaweza kuvunjika mwandishi anapofika kwenye mstari wa tatu na kugundua kwamba wapo wazazi wasio na muda hata wa kusikiliza. Mwandishi mwerevu atasimama aubadilishe mpango. Mtumwa wa mpango ataendelea kuandika aya ambayo hata yeye mwenyewe anajua kwamba haiamini.

*Stadi inayojengeka.* Anayezoea kupanga hujifunza kuipima hoja kabla haijavaa maneno mazuri. Hii ni stadi adimu, maana sentensi iliyopendeza huificha hoja dhaifu hata machoni pa mwenyewe.

*Inamfaa nani.* Inamfaa mwenye taarifa nyingi kuliko nafasi aliyopewa, mwandishi wa ripoti au tasnifu, mtahiniwa mwenye saa ukutani, na hasa watu wanaoandika kwa pamoja, ambao bila mpango hujikuta wameandika sura mbili zinazosema jambo lilelile.

Njia ya pili: kuanza na rasimu huru

*Kinachohitajika kabla ya kuanza.* Karibu hakuna. Peter Elbow, mwalimu wa uandishi wa Marekani aliyeieneza njia hii kuanzia mwaka 1973, alipendekeza zoezi jepesi kulieleza na gumu kulivumilia: andika kwa dakika 10 bila kusimama, bila kufuta, bila kurudi nyuma kusoma, na ukikosa la kusema andika kwamba huna la kusema. Kinachohitajika kwa kweli ni muda wa baadaye. Mwenye saa moja tu kabla ya kukabidhi kazi hana anachoweza kufanya na kurasa tatu za mawazo mabichi.

Rasimu huru ya mada yetu inaweza kuanza hivi:

"Kazi za nyumbani, sijui niseme nini, zinachosha, zinamchosha nani sasa, mtoto au mzazi, mimi naona wanaolalamika ni wazazi, watoto hata hawalalamiki sana, kwa nini, labda kwa sababu wao hawazifanyi, anayezifanya ni mama yake saa tatu usiku, halafu kesho mwalimu anasahihisha, anasahihisha nini, anasahihisha kazi ya mama, anampa mama alama, hapo kuna jambo, sijui nilikuwa nasema nini kuhusu kuchosha…"

Kama andiko, hilo halifai kumwonyesha mtu. Kama uchimbaji, limefanikiwa, kwa sababu maneno "anasahihisha kazi ya mama" hayakuwapo akilini mwa mwandishi alipoanza, na ndiyo hoja iliyokuwa ikitafutwa. Ukilinganisha na mpango wa hapo juu, utaona kwamba mstari wa pili wa mpango ule ni wazo hilihili lililooshwa. Aliyelijua mapema alilipanga. Asiyelijua ililazimu aliandike ndipo alione.

*Mahali kazi nzito inapoangukia.* Mwishoni, na ni nzito kuliko wengi wanavyotarajia. Wanaoanza huichukua rasimu huru na kuirekebisha mstari kwa mstari, wakaambulia insha inayozunguka kama mawazo yalivyozunguka. Njia iliyo bora zaidi ni kuisoma rasimu huku umeshika kalamu, kupigia mstari sentensi moja au mbili zenye uhai, kuyaacha mengine yote, na kuanza rasimu ya pili kutoka hapo, ikiwezekana kwenye karatasi mpya. Kutupa sehemu tatu kati ya nne za ulichoandika si hasara hapa. Ndivyo njia yenyewe ilivyo.

*Inavyoharibika.* Huharibika pale mtu anapopenda nusu ya kwanza ya kazi na kuikwepa nusu ya pili. Kuandika bila breki kunapendeza, kurasa zinaongezeka, na hesabu ya maneno inampa mtu raha, lakini mbio za sakafuni huishia ukingoni: kazi isiyochujwa humchosha msomaji ambaye hana sababu ya kupita katika kila kona aliyopita mwandishi. Pia tusidanganyane kwamba uchafu wenyewe una baraka. Katika majaribio yaleyale ya Kellogg, walioambiwa waandike rasimu ya kwanza ovyo hawakuwazidi kwa ubora wa barua za mwisho wale walioambiwa waiandike kwa uangalifu. Uhuru wa rasimu una thamani kwa sababu ya kinachogunduliwa ndani yake. Pasipo cha kugundua, kwa mfano pale unapoandika taarifa ambayo tayari unaijua yote, njia hii inakuzungusha bure.

*Stadi inayojengeka.* Hujenga wepesi wa kuandika, na pia uwezo wa kumtenganisha mwandishi na mhariri anayeishi ndani ya kichwa kimoja. Mhariri huyo ana kazi muhimu, lakini akiingia kabla ya wakati hukata kila wazo kabla halijafika mwisho. Wanaojizoeza rasimu huru kwa dakika chache mara kadhaa kwa wiki huacha polepole kuogopa ukurasa mtupu, na hofu hiyo ndiyo inayowazuia watu wengi kuandika kuliko upungufu wa msamiati.

*Inamfaa nani.* Inamfaa aliyekwama, anayeandika hadithi au kumbukumbu za maisha, anayeanza kulifikiria jambo jipya, na mtu anayeeleza vizuri kwa mdomo lakini anayekakamaa akishika kalamu. Huyo wa mwisho anaweza hata kuanza kwa kujirekodi kwenye simu akimweleza rafiki wa kufikirika, kisha akayaandika aliyoyasema. Usemi wake wa kawaida mara nyingi una mpangilio mzuri kuliko sentensi anazozilazimisha.

Njia ya tatu: sentensi kwa sentensi

*Kinachohitajika kabla ya kuanza.* Sikio la lugha, subira, na walau hisia ya mahali andiko linakoelekea. Watu huidharau njia hii kwa sababu vitabu vingi vya mafunzo huwaonya wanaoanza wasihariri huku wakiandika. Onyo hilo lina sababu, nami nitalieleza hapa chini, lakini wapo waandishi wazuri wanaofanya kazi hivi maisha yao yote, na wapo wanaofikiri vizuri kwa njia hii pekee.

Tazama jinsi sentensi moja inavyoweza kutembea. Mwandishi anaanza:

"Suala la kazi za nyumbani ni jambo ambalo limekuwa likileta changamoto mbalimbali kwa wazazi walio wengi."

Anaisoma na kuona kwamba "suala" na "jambo" yanafanya kazi moja, na kwamba "changamoto mbalimbali" ni kifuniko kilichowekwa juu ya chungu kitupu. Anaandika: "Kazi za nyumbani huwachosha wazazi." Imekuwa fupi, lakini sasa ufupi wake unauliza swali: kwa nini ziwachoshe wao, na zilikuwa za watoto? Anajibu kwa kuandika: "Kazi ya nyumbani ya mtoto wa miaka 7 huishia mikononi mwa mzazi." Hapo usafishaji wa maneno umezaa wazo, lilelile ambalo mwenzake wa rasimu huru alilipata kwa kukimbia. Ndiyo maana haifai kusema kwamba anayehariri sentensi anashughulikia urembo tu.

*Mahali kazi nzito inapoangukia.* Kila mahali kwa kiasi kidogo, kwa hiyo mwendo ni wa polepole na uchovu huja mapema, ila kazi ikifika mwisho huwa imekaribia kukamilika. Kwa anayeandika Kiswahili, mgawanyo huu una faida moja mahususi. Lugha yetu hufunga sentensi nzima kwa upatanisho, na neno moja likibadilika huvuta mengine. "Tatizo hili limezidi kuwa kubwa na halijapatiwa ufumbuzi" ikigeuzwa wingi hudai mabadiliko mahali pengi: "Matatizo haya yamezidi kuwa makubwa na hayajapatiwa ufumbuzi." Anayebadilisha nomino papo hapo hukumbuka kuubadilisha mkia wake, ilhali anayerudi siku ya tatu kubadilisha neno moja katika rasimu ndefu mara nyingi huacha "halijapatiwa" ikining'inia peke yake, na kosa hilo msomaji huliona kabla ya kuiona hoja.

*Inavyoharibika.* Hatari kubwa ni mapenzi. Sentensi iliyochukua nusu saa huwa ngumu kuifuta, hata inapobainika kwamba aya nzima iliyoibeba haihitajiki, na mwandishi huanza kuupinda mpangilio wa andiko ili sentensi yake nzuri ipate pa kukaa. Hatari ya pili ni ile inayoonywa vitabuni: anayeanza hukaa kwenye aya ya kwanza mpaka nguvu zinamwishia, kisha anaandika sehemu iliyobaki kwa haraka, na msomaji hukutana na utangulizi uliong'arishwa unaofungua mlango wa chumba kisichofagiliwa. Tena aya ya kwanza ndiyo isiyostahili kung'arishwa mapema, kwa kuwa mtu hawezi kutambulisha vizuri andiko ambalo bado halijakuwapo.

*Stadi inayojengeka.* Mtindo. Hakuna njia inayomfundisha mtu uzito wa maneno, urefu wa sentensi na mdundo wake kama hii. Anayeifuata huanza kuzigundua tabia zake mwenyewe, kama vile kuanza kila aya kwa "Hata hivyo", au kusema "aliweza kufanikiwa kupata" pale ambapo "alipata" ingetosha.

*Inamfaa nani.* Inafaa maandiko mafupi ambamo kila neno linaonekana: tangazo, salamu za rambirambi, barua nyeti kwa mkuu wa kazi, wasifu wa mstari mmoja. Kwa mtunzi wa mashairi ya kimapokeo hakuna namna nyingine, kwani mwenye mishororo minne ya mizani 16 na vina viwili vya kulinda hawezi kumwaga maneno akitumaini kuyahesabu baadaye. Inawafaa pia waandishi wazoefu ambao mpango wa andiko wameshaubeba kichwani bila kuuandika.

Kupitia upya

Njia zote tatu hukutana kwenye kazi moja ambayo hakuna inayoiondoa, nayo ni kupitia upya. Hapa ndipo tofauti kati ya anayejifunza na aliyebobea huonekana waziwazi kuliko katika uchaguzi wa njia. Nancy Sommers, katika utafiti aliouchapisha mwaka 1980, aliwalinganisha wanafunzi na waandishi wazoefu na kuona kwamba wanafunzi waliichukulia kazi hiyo kama kubadilisha maneno: kuondoa lililojirudia, kuweka lililo sahihi zaidi. Waandishi wazoefu walianza kwa kutafuta umbo la hoja yao na kumfikiria msomaji, wakayaacha maneno yasubiri.

Kwa hiyo kupitia upya kugawanywe mara mbili, na mizunguko hiyo isichanganywe. Mzunguko wa kwanza uhusu muundo. Zoezi linalosaidia ni kuandika pembeni mwa kila aya sentensi moja inayosema aya hiyo inadai nini, kisha kuzisoma sentensi hizo peke yake kuanzia ya kwanza hadi ya mwisho. Aya isiyoweza kufupishwa kwa sentensi moja ama ina mambo mawili ama haina hata moja, na sentensi mbili zinazofanana zinakuonyesha aya ya kufuta. Aliyeanza na mpango ataona mahali alipouacha. Aliyeanza na rasimu huru atapata, kwa mara ya kwanza, mpango ambao hakuwahi kuuandika. Aliyekwenda sentensi kwa sentensi atagundua kama mawe yake mazuri yamejenga ukuta au yamelala tu kandokando.

Mzunguko wa pili uhusu lugha, na chombo chake bora ni sauti. Kusoma kwa sauti hufichua upatanisho uliovunjika, sentensi inayokosa pumzi, na neno lililorudiwa ambalo jicho limeshalizoea. Tahajia na alama za uandishi zije mwisho kabisa, kwa sababu ni kupoteza muda kusahihisha herufi za aya ambayo huenda ikaondolewa.

Ukipata msomaji wa kukusaidia, usimuulize kama kazi ni nzuri, maana atakujibu kwa adabu. Muulize umedai nini na ni wapi alilazimika kurudi nyuma kusoma tena. Majibu ya maswali hayo mawili ni vigumu kuyatia sukari.

Kuchanganya njia

Waandishi wengi huchanganya. Anthony Trollope, mwandishi wa riwaya wa Uingereza wa karne ya 19 aliyefanya kazi posta kwa miaka mingi, alieleza kwamba aliamka alfajiri, akatumia nusu saa ya kwanza kuyasoma aliyoyaandika jana yake, kisha akaweka saa mbele yake na kujidai maneno 250 kila robo saa. Nusu saa ile ilikuwa ya sikio na saa zilizofuata zilikuwa za mwendo, na mpaka kati ya hizo mbili ulikuwa wazi. Jambo la kujifunza hapo ni mpaka huo zaidi ya kasi, ambayo si kila mtu anaihitaji. Michanganyiko inayoshindwa huwa ni ile isiyo na mpaka, ambapo mtu anapanga, anaandika na kusahihisha kwa dakika hiyohiyo na kushangaa kwamba amechoka.

Uchague ipi, kwa hali gani

Ukiwa kwenye chumba cha mtihani, panga. Dakika tano za mwanzo zilizotumika kuandika sentensi nne za hoja zitakuokoa na lile janga la kugundua hoja yako halisi kwenye aya ya mwisho, wakati hakuna nafasi ya kuirudisha juu.

Ukiwa unaandika ripoti ya kazini ambayo taarifa zake zote unazo, panga pia, lakini kwa ufupi, kisha andika moja kwa moja. Hapo rasimu huru haina cha kukugundulia.

Ukiwa na tasnifu au andiko refu la utafiti, anza na rasimu huru kwa siku chache za mwanzo ili ujue unachofikiri kweli, na usimpelekee msimamizi kurasa hizo. Zitumie kutengeneza mpango wa sentensi kamili, na huo ndio umpelekee.

Ukiwa unaandika hadithi, jiulize unachokijua. Anayejua mwisho wa kisa na hajui wahusika wake atafaidika na rasimu huru inayowaachia waongee. Anayewajua wahusika na hajui wanakokwenda atahitaji angalau mpango wa matukio makubwa, hata kama atauvunja.

Ukiwa unaandika kwa lugha usiyoizoea sana, tenganisha fikra na lugha kadiri uwezavyo: panga kwanza, kwa lugha unayoimudu ikibidi, ili unapofika kwenye sentensi uwe na jambo moja tu la kuhangaikia.

Ukiwa umekwama kwa wiki nzima, acha njia uliyokuwa ukiitumia, hata kama ndiyo iliyokufikisha mbali siku zote. Aliyekwama kwenye mpango aandike dakika 10 bila kuutazama. Aliyekwama kwenye lundo la rasimu aandike dai lake kwa sentensi moja. Aliyekwama kwenye sentensi ya kwanza aiache tupu na aanze na aya ya tatu.

Na ukiwa hujawahi kujua wewe ni mwandishi wa aina gani, chukua andiko fupi ambalo halina tarehe ya kukabidhi, liandike kwa njia usiyoizoea, kisha angalia sehemu mbili tu: mahali uliposimama kwa muda mrefu zaidi, na mahali msomaji wako aliposimama. Sehemu hizo zikiwa tofauti, unahitaji njia itakayokupeleka pale anapokwama yeye mapema zaidi, ungali na nguvu.